Shahidi Mwenye Spana

Kabla ya alfajiri spana iligonga bomba la jikoni, ko, ko, ko, na maji yakaacha kudondoka. Mama Cherehani akajua mumewe amefika. Fundi bomba huyo alizikwa mwaka jana, lakini bomba linalovuja lilikuwa bado linamkosesha usingizi.

"Leo ndiyo kesi, baba watoto," alimwambia.

"Ndiyo maana nimevaa viatu."

Serikali ilitaka mjane arudishe pensheni ya mumewe ya miaka sita, la sivyo nyumba ipigwe mnada. Kosa lilitoka idara ya maji, alikostaafu fundi. Pale, mtu akifiwa, wenzake humchangia rambirambi, hata kama ameshastaafu. Miaka sita kabla ya kifo cha fundi, mama yake mzazi alifariki. Wakachanga vizuri, Mungu awabariki. Ila karani aliandika jina la mfiwa mahali pa marehemu, na tangu siku hiyo fundi akahesabiwa maiti anayekula pensheni.

Mahakamani, askari wa mlangoni alimpekua marehemu, akaikuta spana, akamrudishia kwa mikono miwili. Mama mfagizi alimletea kiti, maana udongo wa kaburini ulikuwa umemkaza magoti. Mama Cherehani alimshukuru.

Wakili wa serikali akasimama. "Mheshimiwa, huyu hawezi kuapa. Kiapo ni cha walio hai."

"Mbona deni la maiti mnawadai walio hai?" aliuliza Mama Cherehani. Watu wakacheka, hakimu akagonga meza.

Fundi aliruhusiwa kusema bila kiapo. Akaeleza taratibu kwamba aliyefariki wakati ule ni mama yake. Yeye aliendelea kula, kuugua malaria, na kuziba mabomba ya mtaa mzima, hata lile la choo cha mahakama.

"Nalikumbuka. Ulifanya kazi nzuri," alisema hakimu. "Lakini sasa umekufa?"

"Nimekufa, mheshimiwa. Mwaka jana."

"Basi rekodi imesema kweli."

"Imesema mapema mno, baba!" alisema Mama Cherehani.

"Mama, kifo chenyewe hakibishaniwi. Dai linabaki." Kisha, kwa sauti ya huruma, akaagiza nyumba isiuzwe mpaka mvua ziishe.

Walipokuwa wakitoka, karani wa mahakama aliwakimbilia. "Mzee, samahani, lile bomba la chooni limeanza tena."

Fundi akamtazama mkewe, akaingia, akalikaza. Hakuna aliyemlipa. Mama mfagizi alimpa kitambaa afutie mikono.

Getini Mama Cherehani alimpangusa udongo begani.

"Nyumba ikiuzwa nitapanga chumba," alisema. "Bomba litakuwa la uani, la wapangaji wote. Wakilala nitalilegeza kidogo, lidondoke. Ukilisikia, uje."