Nyumba ya Madirisha ya Treni

Mama yangu, Gudrun, aliijenga nyumba yetu ya Christiania, mtaa wa watu waliojitwalia kambi tupu ya jeshi na kujitawala wenyewe, kwa mbao za kuokota na madirisha ya behewa bovu la treni. Serikali ilipotuma polisi waibomoe, alikaa juu ya paa siku tatu akiwarushia maganda ya viazi. Nilikuwa na miaka saba, na mmenyaji wa viazi nilikuwa mimi.

Mwezi Machi alifariki, nami nikaitaka nyumba. Niliitaka kwa uchu, sifichi. Miaka ishirini nimekaa ng'ambo ya mfereji, kwenye fleti yenye lifti na majirani wasiosalimiana, na kila jioni natamani harufu ya lile jiko la kuni. Lakini kwetu nyumba hairithiwi wala haiuzwi. Mtu akifa, mkutano wa mtaa ndio unaoamua nani ahamie. Kura hatupigi; tunazungumza mpaka wote wakubali, hata walioomba nyumba, na mmoja akikataa tunaanza upya.

Aliyeiomba pia alikuwa Mille, mama wa mapacha, anayeishi na mumewe kwenye kibanda cha magurudumu kinachovuja. Tulikunywa kahawa na kubishana saa nne nzima. Thorkild, jirani aliyemshikia mama ngazi wakati wa kujenga, alinisifia weee, kisha akasema niliondoka kwa miguu yangu mwenyewe, kwa hiyo nikitaka kurudi nipange foleni kama wenzangu. Nilitamani kumwagia kahawa. Mmoja mmoja wakakubali apewe Mille.

"Sidsel, umebaki wewe," Thorkild akasema. "Na hiyo karatasi unayoipapasa mfukoni tangu tuanze, ama itoe tuisome, ama iache."

"Ni ya wakili. Anasema mahakama inaweza kunisikiliza."

"Inaweza, ndiyo. Mama yako naye aliletewa barua za mahakama, tena nyingi. Unakumbuka alizifanyia nini?"

Nilikumbuka. Alikuwa akiwashia jiko.

Niliutoa mkono mfukoni, karatasi nikaiacha humo. Ningemshtaki Mille, ningewaita polisi wale wale walioletwa kumteremsha mama kutoka juu ya paa.

"Mpeni," nikasema. Nililia palepale, mbele ya watu wote.

Wiki iliyofuata Mille alinipigia simu: jiko limegoma kuwaka, nyumba imejaa moshi, na watoto wanakohoa. Nilikwenda mbio. Nikashika kitasa kama nilivyozoea, halafu nikakiachia. Nikabisha hodi kwenye mlango wa mama yangu, kwa mara ya kwanza maishani, nikasubiri kukaribishwa.