Mahabusu Mwenye Magurudumu Mawili

Saa tatu na dakika arobaini asubuhi, baiskeli ya Lavelle Pruitt ilikuwa imepinduliwa magurudumu juu kando ya Mtaa wa Garnet, na serikali ilikuwa imepiga goti kuikagua. Siku hiyo serikali ilikuwa Afisa Kessler, polisi kijana ambaye naye alikuja kwa baiskeli, tena nyeusi, mpya, yenye mikoba miwili nyuma. Lavelle, mtu wa miaka hamsini na minne, alisimama ukutani ameshika boksi la mayai kumi na mawili. Afisa mwenyewe ndiye aliyelitoa kwenye usukani na kumkabidhi, lisivunjike hata yai moja. Hakuna awezaye kusema polisi wa mji ule hawana adabu.

"Stika iko wapi, bwana?"

"Stika gani?"

"Ya usajili. Kila baiskeli mjini humu lazima iwe nayo. Sheria ya mwaka sabini na moja."

"Afande, mwaka sabini na moja mimi nilikuwa nanyonya."

Kessler hakucheka. Alitoa daftari. "Baiskeli hii ni ya nani?"

Hapo ndipo Lavelle alipokosea. Upande wa mashariki wa mji ule baiskeli hainunuliwi, hukusanywa. Ukiulizwa ni ya nani, adabu ni kuwataja waliokupa vipande, kama mtu anavyotaja ukoo wake.

"Fremu ya marehemu Mzee Cobb," alisema. "Gurudumu la mbele la kanisa, la nyuma la shemeji yangu. Usukani niliuokota. Yangu ni miguu tu."

Kessler aliandika taratibu, kisha akasoma kwa sauti: "Mhusika amekiri kuwa baiskeli si yake."

"Aa, afande. Huo ni utani tu."

"Nimeandika ulichosema. Lete stika au risiti ya duka, utaichukua."

"Nina zamu saa nane mchana."

"Basi muda unao."

Gari likaja kumchukua mahabusu. Maafisa wawili waliinyanyua baiskeli, mmoja mbele mwingine nyuma, wakailaza kwa uangalifu ambao Lavelle, aliyewahi kupakiwa kwenye gari kama lile, hakuwahi kuuonja.

Kazi ya Lavelle ilikuwa kufua mashuka katika hospitali moja ng'ambo ya mto, maili sita kutoka kwake. Zamani palikuwa na basi. Lilipoondolewa, abiria walipewa barua nzuri ya kuwashukuru kwa uvumilivu wao. Pale hospitalini, anayechelewa hapigiwi kelele; hupewa alama. Alama nane, kazi imekwisha. Lavelle alikuwa nazo saba: nne za theluji, mbili za lile basi wakati lilipokuwa linajifia, na moja ya mazishi ya mama yake, kwa kuwa karatasi ya kuthibitisha kwamba mama amekufa ilichelewa kwa siku moja.

Basi akaenda ofisi ya jiji, nusu kukimbia nusu kutembea, boksi limekumbatiwa kifuani.

"Hayo hayaingii," mlinzi wa mlangoni alisema.

"Ni mayai."

"Naona ni mayai. Wiki iliyopita jamaa alimrushia diwani. Yaache hapa, kaka, utayakuta."

Dirisha la kwanza likamtuma la nne. La nne likamtuma ghorofa ya pili. Ghorofa ya pili alivuta namba, akakaa, akasimama, akaenda kwenye bomba la maji, akarudi bila kunywa. Namba yake ilipoitwa saa ilikuwa sita kasoro dakika tano, na aliyemwita alikuwa Bi. Odom, mama mtu mzima mwenye miwani inayoning'inia kwa shanga.

"Nataka stika ya baiskeli, mama."

Bi. Odom alimtazama juu ya miwani. "Stika za baiskeli hatutoi, baba."

"Nimekamatiwa hiyo."

"Najua. Wewe ni wa tatu tangu Jumatatu. Alikuwa anazitoa Bi. Tolliver. Alipostaafu, dirisha likafungwa. Mwaka wa nne sasa."

"Na sheria?"

"Sheria haijastaafu."

Lavelle alicheka, kisha akaona mama yule hacheki. "Sasa mtu anafanyaje?"

"Andika barua kwa baraza. Wanakutana Alhamisi ya tatu ya mwezi."

"Leo ni Ijumaa."

"Na Alhamisi ya tatu ilikuwa jana." Akashusha sauti. "Una risiti?"

"Aliyenipa fremu yuko kaburini, mama."

"Basi sina la kukusaidia, mwanangu. Wangekuwa wananisikiliza mimi, dirisha lile lisingefungwa." Akabonyeza kitufe, na namba iliyofuata ikaitwa.

Chini, mlinzi alikuwa ameshabadilishwa. Huyu mpya hakujua habari ya mayai yoyote, ila ndani ya pipa kando ya mlango boksi lilikuwa limesimama wima, na ute unashuka polepole.

Lavelle alimpigia msimamizi wake wa kazini, Renata, akiwa anatembea.

"Lavelle, unajua mimi nakupenda," Renata alisema.

"Ukianza hivyo najua nimekwisha."

"Sikiliza. Siyo mimi. Ni ile mashine. Kadi yako ya zamu isipoigusa saa nane kamili, inaandika alama yenyewe, mimi sina pa kufutia. Panda teksi."

"Teksi za siku hizi zinataka kadi ya benki na simu yenye akili. Yangu ina vibonyezo."

"Basi kimbia, kaka. Kimbia kweli."

Akakimbia. Saa saba na nusu alikuwa darajani, shati limemganda mgongoni, na hospitali ilionekana ng'ambo, nyeupe, karibu kabisa. Katikati ya daraja mwanamke mwenye fulana ya manjano alikuwa amevuta kamba kufunga njia.

"Subiri kidogo, baba. Leo ni Siku ya Kwenda Kazini kwa Baiskeli. Msafara unapita."

"Mimi mwenyewe nakwenda kazini."

"Vizuri sana." Alikuwa na uso mwema kweli. "Mwakani jaribu kwa baiskeli. Ungekuwa umeshafika."

Wakaja kutoka ng'ambo. Mamia, wamejaza daraja ukingo hadi ukingo, mawakili na walimu na watu wa benki, wengine na watoto kwenye vigari vya kukokotwa, wanacheka upeponi. Lavelle alipita chini ya kamba, akabanwa kwenye chuma cha daraja. Akatia mguu, akaurudisha. Akatia tena. Saa nane kasoro dakika kumi na saba. Akainua mkono juu, kiganja wazi, kuwaomba wampe upenyo wa mtu mmoja.

Mpanda baiskeli wa kwanza akakipiga kile kiganja kwa furaha, kama anayepongezwa, akapita. Wa pili akakipiga. Wa tatu akainuka kabisa kwenye kiti ili akifikie vizuri, na nyuma yake msururu wote ukaanza kunyoosha mikono.