Kimea Chumbani kwa Gaudiosa

Gaudiosa alipomaliza kuanika kimea cha ulezi sakafuni, jua lilikwisha kuingia chumbani, tena lote, maana paa halikuwepo. Juzi Mzee Polikarp, mwenye nyumba, alileta mafundi wakang'oa mabati. Eti ukarabati. Kumbe kuna mfanyabiashara wa mitumba kutoka Tunduma anakitaka chumba, na baraza la nyumba limeamuru Gaudiosa abaki humo kwa kodi ya zamani mpaka kesi iishe. Akihama hata siku moja, kesi hana.

Hahami ng'o. Alilala chini ya turubai, upepo wa Ufipa ukamchapa mpaka mifupani. Asubuhi alilifunua, na mbingu yote iko juu ya kitanda chake, buluu, haina mwisho. Miaka kumi na moja amekaa humo, wala hakujua kuta zake nne zingeweza kubeba kitu kikubwa namna ile. Mwili ulimsisimka. Aliitazama weee, mpaka shingo ikauma. Kisha, mpika pombe ni mpika pombe tu, akawaza: humu kuku hawafiki, mbuzi hawafiki, na jua ni la bure.

Majirani walijazana mlangoni kushangaa. Hata Mzee Polikarp, aliyekuja na karani wa baraza kukagua, alibaki mdomo wazi.

"Mwanamke huyu," alisema taratibu, "sijui kaumbwa na nini."

"Shikamoo mama," karani alisalimia, macho yakiwa bado juu.

"Marahaba, baba. Umeona alivyoniezulia?"

"Nimeona." Karani alifungua faili. "Ila shauri letu ni la kodi. Chumba cha kulala kina kodi yake, cha biashara kina yake. Hiki sasa kina kimea cha pombe, ni cha biashara. Naandika hivyo. Mpaka kesi iishe, utalipa mara tatu ya ile ya zamani."

"Na mabati?"

"Mabati hayamo kwenye shauri, mama. Ufungue jingine."

Gaudiosa aliinamisha macho kwenye kimea.

"Basi sogeza kiatu," alisema. "Unakanyaga kodi yenyewe."

Karani alitazama chini. Ulezi ulitanda ukuta hadi ukuta, mwekundu, unang'aa juani. Akavua viatu. Mzee Polikarp naye akavua vyake. Walisimama, mbingu juu yao.

Kisha karani akaitia sahihi ile kodi mpya, pekupeku.