Muhogo wa Kumzuia Halima

"Umeutia ukiwa majimaji, baba Halima," alisema Mwanahamisi. "Mafuta yatakurukia."

Yalikuwa yamekwisha kumrukia. Hiribae alilamba kifundo cha mkono, akainuka, akachungulia mlangoni, akarudi kuchuchumaa mbele ya mafiga. Mama mkwe wake huyo alikuwa amevuka mto kutoka Ndera asubuhi hiyo na neno moja tu: mwanamume aliyefiwa na mke hawezi kulisha mtoto wa miaka mitano. Halima aende kwa bibi yake.

"Kula kwanza, mama. Ukishakula ndipo useme."

Vipande vya kwanza vilitoka vyeupe, vinateleza kama sabuni. Mwanahamisi akakitema kimoja kiganjani.

"Baba yako ananifukuza kwa njaa," alimwambia mjukuu wake. Halima akacheka.

Hiribae hakucheka. Marehemu mkewe alikuwa akichemsha muhogo mpaka upasuke, akachomoa uzi wa kati, akautandaza kwenye ungo upigwe na upepo, ndipo mafuta ya ufuta. Yeye haya aliyajua kwa macho tu. Angejifunza lini? Mwaka uliopita, mkewe akitetemeka kwa homa, jumbe alimpeleka yeye pwani kubeba mizigo ya wakubwa wa serikali. Mizigo yao haishikwi na homa, wala haizikwi. Aliporudi, kaburi lilikuwa limeota nyasi.

Mara hii alipangusa kipande kimoja kimoja kwa ncha ya shuka. Akangoja. Kungoja kulimtesa kuliko moto.

"Hiribae." Uledi, mtumishi wa jumbe, alisimama mlangoni. "Mizigo iko ukingoni. Wanaume wote, sasa hivi."

Mwanahamisi akamshika Halima mkono. "Si nilisema? Ukienda wewe, huyu anabaki na nani? Naondoka naye."

Hiribae hakugeuka. "Mwambie jumbe nakaanga muhogo."

"Muhogo?"

"Wa mtoto."

"Atakuja mwenyewe, Hiribae. Na askari."

"Basi aje na chumvi. Yangu imekwisha."

Uledi akaondoka mbio. Hiribae akaviopoa vipande, rangi yake kama mto uliojaa tope, akampa mama mkwe kimoja. Kililia menoni. Bibi alitafuna polepole, macho mlangoni, kisha akauachia mkono wa mjukuu akachukua cha pili.

"Menya mwingine," alisema. "Huu hautoshi."

Wakala wote watatu, na kila baada ya kutafuna kidogo walitua, wakasikiliza njia.