Siku Kumi na Tisa za Gauni la Buluu

Katika zile zama za pindo, watu walipokwisha kujifunza kuukunja wakati kama mtu anavyokunja suruali iliyozidi kimo, hakuna aliyekubali tena kuvumilia. Jino likikuuma, ulikwenda kwa fundi na nguo uliyoivaa siku hiyo. Akaipinda, akakaza uzi, nawe ukainuka kitini juma limeshapita na maumivu yamebaki mlemle ndani ya pindo. Jamaa mmoja alipinda ziara nzima ya mama mkwe wake, akaja kugundua baadaye kwamba mama mkwe naye alikuwa ameipinda hiyohiyo. Siku hizo zilikwenda wapi? Hilo hawakuuliza. Mtu akishapata nafuu huwa hana maswali.

Lakini mafundi walijua. Pindo halipotezi kitu. Kitambaa kilichokunjwa bado kipo, na ukikifumua baada ya miaka utakuta sehemu ile haijapauka, rangi yake mbichi kama siku kiliponunuliwa. Ndiyo maana walikuwa na sheria moja tu: pindo halifumuliwi.

Fundi wa habari hii alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na ushei, aliyerithi meza, mkasi na wateja kutoka kwa mama yake. Mama huyo ndiye aliyemfunza sheria ile, akimkazia macho kila mara na kumkumbusha kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Sasa mama alilala chumba cha pili, pumzi zake zinahesabika. Daktari alisema kesho, labda keshokutwa. Binti hakuwa na mwingine duniani, na alikuwa tayari kufanya lolote. Mtu wa namna hiyo mwogope akiwa na wembe mkononi.

Kabatini alikuta gauni la mama la buluu, la zamani, lenye pindo nene ajabu. Akalipima kwa vidole: siku kumi na tisa. Alikumbuka mama aliwahi kumwambia kuwa zile ni siku za huzuni tu, za mwaka ule baba alipowaacha, hazina faida kwa mtu. Kwake zilikuwa na faida. Siku kumi na tisa nzima ambazo mama hakuzitumia! Akafunga mlango wa duka mchana kweupe, akafumua.

Kesho yake mama aliketi kitandani akaomba chai. Siku ya pili alisimama dirishani, akamtania binti kwamba mishono yake siku hizi ni mirefu kama hatua za mlevi. Siku ya tatu walicheka pamoja mpaka binti akakohoa, na kikohozi hakikukatika. Hapo ndipo aliposikia kikohozi kingine, chembamba, cha mtoto, kikitoka kwenye gauni lililotundikwa nyuma ya mlango. Aliponyamaza yeye, kile nacho kilinyamaza, ila kilichelewa kidogo.

Alikwenda akalishika. Ile sehemu iliyofumuliwa, yenye buluu mbichi, ilikuwa na joto la paji la uso la mtoto mwenye homa. Ilikuwa imelowa jasho. Akakumbuka jambo ambalo hakuwahi kulitilia maanani: alipokuwa na miaka sita alilala jioni moja kifua kikimbana, akaamka mzima, na maua ya dirishani, yaliyokatwa siku ileile, yalikuwa yamekauka.

Mama alimwona amesimama na gauni mkononi, na furaha yote ikamtoka usoni.

"Umefumua," akasema.

Binti alikiri. Akajitetea kwamba bado wana siku kumi na sita za kuwa pamoja, na kwamba hiki kikohozi ni mafua tu, yatapita.

"Mwanangu, nilikudanganya. Baba yako aliondoka mwaka mwingine kabisa. Wewe ndiye uliyekuwa mgonjwa, na daktari aliniambia hutafika mwisho wa mwezi. Nikakupakata, nikakufunika kwa gauni hili nililovaa, nikazipinda siku zote zilizobaki. Sikuzipinda kwa sababu ya msiba. Nilizipinda kabla haujafika."

Mama akalivuta gauni, akalitandaza magotini, akaomba sindano. Binti alikataa. Alisema ameshaishi vya kutosha, alisema wangoje kidogo, alisema mengi, na mama alimsikiliza kama anavyosikilizwa mteja anayebishia kimo cha suruali. Kisha akanyoosha mkono.

"Macho yangu hayaoni tundu. Nitungie uzi."

Binti alielewa vizuri anaombwa nini. Mshono wa mwisho ukikazwa, mama atarudi palepale daktari alipomwacha. Maisha yake yote alikuwa ametunga uzi, hata akiwa amefumba macho, lakini sasa tundu lilimkwepa mara ya kwanza, ya pili, ya nne. Ndani ya gauni mtoto alikohoa tena, kwa muda mrefu, na yeye akajikuta amepiga magoti, hewa haiingii.

"Usinichezee," mama akasema taratibu. "Lamba uzi."

Akaulamba. Ulikuwa na chumvi. Safari hii ulipita, akampa mama sindano.