Mama Hakuweza Kulisingizia Shamba

Mama mkwe wangu, Esther Sumari, alikuwa na jambo moja tu la kusema, nami nilimfundisha asubuhi nzima.

"Mama, afisa ardhi akija, sema udongo umechoka. Sema hapa hakuna kinachotoka."

"Nimesikia," alinijibu bila kuniangalia. Ningepaswa kujua hapo hapo kwamba napoteza muda wangu.

Halmashauri ilikuwa inapanga upya ardhi ya kijiji chetu huku mlimani, kila kihamba, yaani shamba la urithi la familia, kinaamuliwa peke yake. Shamba lililokufa litaitwa makazi, na mwenyewe atapewa kibali cha kujenga. Shamba linalozaa litaitwa eneo la kilimo, na hapo hata choo kipya hujengi. Mume wangu Richard ni kitinda mimba, kwa hiyo kihamba cha wazazi ni chake, na matofali yetu yalikuwa yamerundikwa pale tangu mtendaji wa kijiji alipomsimamisha fundi kwa kukosa kibali. Nyumba ya mbao ya mama ilikuwa imeliwa na mchwa, ukiegemea ukuta unausikia unalegea. Sisi na watoto tulikuwa tumepanga chumba kimoja mjini, Daraja Mbili, choo tunagombania na wapangaji wenzetu. Niliitaka nyumba ile ya matofali, na sioni haya kusema.

Afisa akaja, kijana mpole anaitwa Lemomo, viatu vimejaa tope. Akamwamkia mama shikamoo akiwa ameinama. Basi mambo yakaharibika, maana mgeni mwenye adabu haondoki kwa mama bila kula. Akapewa mtori, akausifu.

"Ndizi zake ni za hapo nyuma," mama akasema.

Nikakohoa. Nikamkanyaga mguu chini ya meza. Mama akasimama, akakaza kanga yake, akamwambia mgeni twende nikuonyeshe. Akamzungusha kihamba chote: kahawa aliyoipanda na marehemu mumewe, migomba, magimbi kando ya mfereji. Akachota udongo akamtilia kijana mkononi auone ulivyo mweusi. Mwanamke wa Kimeru mwambie lolote, lakini usimwite mvivu wa shamba. Nililijua hilo kabla sijaolewa, na bado nilidhani nitaweza kumtuma akaliseme shamba lake vibaya mbele ya mgeni.

"Hongera sana, mama," Lemomo alisema, akaandika. Eneo la kilimo.

Bondeni kwetu kuna tajiri wa mjini aliyenunua kihamba akakiacha kiote magugu. Hajawahi kushika jembe. Yeye aliandikiwa makazi, na sasa anapandisha ghorofa.

Matokeo yalipobandikwa ofisi ya kijiji, Richard alimwambia mama yake neno ambalo mtoto hamwambii mzazi. "Umetufukuza nyumbani, mama."

Kesho yake mama akaita vijana wenye mapanga, akawasimamia mwenyewe, wakafyeka kila kitu, kahawa na migomba. Alidhani Lemomo akirudi na kukuta hakuna shamba, ataandika upya. Aliamini kwamba serikali nayo huandika kile inachokiona.

Tulimwomba Lemomo arudi. Alisimama katikati ya visiki, akavua kofia.

"Mama, ramani imeshapitishwa. Nikiibadilisha kwa sababu umekata, kesho mlima mzima utakatwa. Na eneo la kilimo haliachwi tupu. Itabidi upande tena."

"Kahawa inakaa miaka mitatu ndiyo inazaa, mwanangu."

"Najua, mama. Pole."

Pole yake ilitoka moyoni, na hilo ndilo lililoniuma. Angekuwa mla rushwa ningepata wa kumtukana.

Ikafika Jumapili ya mavuno. Kila mwaka mkungu mkubwa kuliko yote madhabahuni ulikuwa wa mama Sumari. Safari hii aliingia kanisani na noti ameikunja kiganjani. Baada ya ibada ukafuata mnada wa mazao pale nje. Mzee wa kanisa akainua mkungu wa jirani yetu Anna, akataja bei ya kuanzia. Mama akanyoosha mkono.

"Nani anaongeza?" akauliza mzee wa kanisa.

Watu wakatazama chini. Yule mzee, ambaye siku zote huwatania watu mpaka bei ipande mara mbili, hakuuliza tena. Akampa. Mama akajitwika mkungu akapita katikati ya wanawake ambao miaka yote walishindania wa kwake, na hakuna aliyejua amsalimie vipi.

Nilimkimbilia getini.

"Mama, lete nikusaidie mpaka nyumbani."

"Niache, Ruth," alisema. "Wewe wachukue watoto, muwahi gari la mjini."