Jina Lisilo na Mwenyewe

Mimba ya Solange ilipokuwa kubwa hata hawezi tena kuona kandambili zake, wakwe zake waliacha kusalimiana asubuhi.

Baba mkwe, Papa Casimir, alikuwa amefundisha Kifaransa kule Mboko mpaka akastaafu, na sasa alikuwa amekaa mjini Baraka bila mwanafunzi wa kumsahihisha isipokuwa watu wa nyumbani. Yeye alisema mtoto ni wa kiume na ataitwa Casimir. Mke wake, Mama Dorothée, alisema mtoto ni wa kike na ataitwa Dorothée. Kila mmoja alikuwa na ushahidi wake. Casimir alionyesha jinsi tumbo lilivyochongoka. Dorothée akajibu kwamba tumbo halikuchongoka hata kidogo, limeegemea kushoto, na mtu aliyezeeka akishika chaki hajui mimba inaegemea wapi.

"Mutoto hajazaliwa bado, tayari iko na bwana shule!" alisema, akimwaga maji ya mihogo karibu sana na viatu vya mumewe.

"Na wewe hujazaa miaka mingi, lakini iko unajua tumbo ya kila muntu," Casimir alijibu, akivuta viatu.

Mume wa Solange aliitwa Vainqueur, maana yake mshindi, ila katika nyumba ile hakuwahi kushinda hata ugomvi wa chumvi. Alikuwa mwendesha pikipiki, akipeleka wafanyabiashara Misisi kwenye machimbo ya dhahabu. Baba yake alipomwambia jina ni Casimir, alisema, "Ndiyo, papa." Mama yake alipomwambia jina ni Dorothée, alisema, "Ndiyo, mama." Kisha akawasha pikipiki akaenda zake, akimshukuru Mungu kwamba barabara ya Misisi ni mbovu na hakuna anayeuliza kwa nini umechelewa.

Solange alibaki na tumbo lake katikati ya wale wawili. Yeye hakutaka Casimir wala Dorothée. Alijua vizuri adha ya kupewa jina la mtu. Yeye mwenyewe aliitwa jina la shangazi yake, ambaye siku moja alimkasirikia mumewe akazitupa nyavu zake zote ziwani. Tangu utoto, kila Solange alipokataa kitu, hata kama ni dawa chungu tu, watu walitikisa kichwa wakisema, "Si unaona? Njo yule yule Solange." Sasa akifikiria mtoto wake akikosea imla ya Kifaransa na huku anaitwa Casimir, huruma ilimshika.

Uchungu ulimkuta Jumamosi mchana, akiwa sokoni akiuza ndagala wakavu, dagaa wa ziwani. Kwa bahati Vainqueur alikuwa hajaondoka. Alimpakia mkewe kwenye pikipiki, mama yake akapanda nyuma kumshikilia, na Papa Casimir akafuata kwa miguu, beseni na vitenge mkono mmoja, mwavuli mkono wa pili, akipiga kelele waende polepole ilhali walikuwa wameshapotea machoni.

Kituo cha afya walichokwenda kilikuwa na daktari mwanamke aliyetoka mbali sana, Ukraine, aitwaye Slava. Alikuwa mwembamba, na Kiswahili chake kilikuwa kimenyooka kama sare ya shule. Ndiye aliyemfuatilia Solange mimba yote, na Solange hakutaka mikono mingine imguse.

"Mwite Slava!" alimwambia mlinzi wa getini, Jérémie, kabla hata hajashuka. "Haraka, mutoto anakuya!"

Jérémie akashika redio yake. "Slava! Slava! Haraka getini!"

Mlango wa kibanda cha jenereta ukafunguliwa kwa kishindo. Akatoka mbio mwanaume mkubwa kama kabati, ndevu nyekundu hadi kifuani, mikono myeusi kwa mafuta, ameshika spana ndefu kama mkono wa mtoto.

"Nani ameita Slava?" aliuliza kwa Kifaransa.

Solange alimtazama yeye, akaitazama spana. "Hapana!" alipiga yowe. "Huyu hapana! Mi nataka Slava mwanamuke!"

Yule mtu akalitazama tumbo, naye akaitazama spana yake. Uso wake ukawa mweupe kama unga wa muhogo. "Mimi jenereta," alisema kwa Kiswahili chake chote. "Mimi jenereta tu!"

"Docteur, we anza tu!" alimsihi Vainqueur, ambaye katika hofu yake hakuona tena tofauti ya fundi na mganga.

Wakati huohuo daktari mwenyewe akatokea mbio, akamwambia yule fundi maneno mawili ya kwao, akamwingiza Solange ndani. Fundi aliketi juu ya pipa, kichwa mikononi. Papa Casimir alipofika akihema, alimkuta katika hali hiyo, akafikiri ndiye aliyepata habari mbaya, akasimama kando yake akimkinga jua kwa mwavuli. Walikaa hivyo mpaka kilio cha mtoto kiliposikika, na ni fundi aliyelia machozi kwanza.

Mtoto alikuwa msichana. Mama Dorothée alipiga vigelegele vilivyosikika barabarani, ndipo akakumbuka kuuliza kama mama wa mtoto ni mzima.

Solange alikuwa mzima, amechoka, mtoto kifuani. Daktari alikuwa ananawa mikono.

"Docteur," Solange aliuliza, "Slava ni jina ya mwanaume ao ya mwanamuke?"

"Ya wote," daktari alisema. "Kwetu ni kifupi cha majina marefu. Mimi ni Yaroslava. Yule wa jenereta ni Rostyslav. Lakini nyumbani, kwa mama zetu, sote ni Slava."

"Na maana yake?"

"Utukufu."

Solange alilionja lile jina kimya kimya. Lilikuwa fupi. Lingemfaa msichana, lingemfaa mvulana, na mtu akilisikia asingejua aanze ugomvi kutoka upande gani. Lakini alitaka kuhakikisha.

"Hapa Baraka kuna Slava mwingine? Muntu alifanya mambo mubaya, bantu banamukumbuka?"

"Hapa tuko sisi wawili tu," daktari alicheka. "Na leo ndiyo mara ya kwanza mmoja wetu kumtisha mama mjamzito kwa spana."

"Basi," Solange alisema. "Mutoto anaitwa Slava."

Jambo la ajabu lililofuata ni kwamba amani iliingia nyumbani. Casimir na Dorothée, ambao walikuwa hawapeani hata kijiko, sasa waliketi benchi moja, wakila bukari, ugali wa muhogo, sahani moja, wameungana dhidi ya mkamwana wao.

"Silava," Dorothée alisema, akilitamka kama mtu aliyeuma jiwe kwenye mchele. "Hiyo ni dawa ya minyoo."

"Si dawa, mama yake," Casimir alimwambia kwa upole ambao Solange hakuwahi kuusikia. "Ni mubaya zaidi. Ni kitenzi. Sikia: *il se lava*. Maana yake alijinawa! Mujukuu wangu ataitwa Alijinawa? Wakimwita darasani, darasa zima litaendelea: *nous nous lavâmes, vous vous lavâtes*..."

"Unasikia?" Dorothée alimgeukia Solange. "Papa amesoma. Musikie papa."

Solange alikaribia kudondosha mtoto. Tangu aolewe hakuwahi kumsikia mama mkwe akisema papa amesoma bila kuongeza neno la kumshusha. Akawaletea chai, akaendelea kumwita mtoto Slava. Vainqueur alipoulizwa na wazazi msimamo wake alisema, "Ndiyo, papa. Ndiyo, mama," akaenda Misisi.

Siku daktari alipokuja kuangalia kitovu cha mtoto, Papa Casimir alikuwa amejiandaa. Alivaa koti lake la kusimamia mitihani, ingawa jua lilikuwa kali, akamkaribisha mgeni kiti, akabaki amesimama.

"Docteur, kwa heshima yote," alianza, akaeleza habari ya kujinawa, nafsi zote tatu, umoja na wingi.

Daktari alimsikiliza hadi mwisho. "Basi ni jina safi," alisema.

Mama Dorothée aliguna kuficha kicheko. Casimir hakucheka. "Jina la muntu linafaa kuwa na mizizi," alisema. "Jina la kujulikana. Watu wa hapa banajua majina yao yanatoka wapi. Mimi, kwa mfano, naitwa Casimir."

Daktari aliinua kichwa kutoka kwenye kitovu. "Casimir?"

"Casimir. Kama baba yangu."

"Lakini papa, Casimir ni jina la kwetu!" daktari alisema, uso umemchangamka kama mtu aliyekutana na jirani wa zamani ugenini. "Ni jina la Kislavu. Limetoka Poland, karibu kabisa na kwetu. Wafalme wao waliitwa hivyo. Wewe ni ndugu yetu!"

Casimir alinyoosha kola ya koti lake. Halafu kifua kikamtoka mbele kidogo. Wafalme ni wafalme. "Na... maana yake?" aliuliza, akijifanya hajali.

Daktari alisita. Solange aliyekuwa amemshika mtoto aliona kusita kule, akajua kuna kitu kizuri kinakuja.

"*Mir* ni amani," daktari alisema taratibu.

"Amani!" Casimir alimgeukia mkewe. "Unasikia?"

"Na ile sehemu ya kwanza... ni kuharibu."

Kuku walisikika wakichakura uani.

"Kuharibu nini?" Dorothée aliuliza.

"Amani. Casimir ni mtu anayeharibu amani."

Mama Dorothée alianza kucheka kwa pua, kicheko kikamshuka kifuani, kikamfikia tumboni, mpaka akaondoka kwenye benchi akaketi chini, miguu ameinyoosha, akipiga ardhi kwa viganja. "Ee Mungu wangu!" alilia. "Miaka yote hii! Miaka yote mi nasema, bantu bananiambia uvumilie! Kumbe baliandika kwa jina!"

"Wako wanaosema maana yake ni anayetangaza amani," daktari aliongeza haraka, akiona uso wa mzee. "Hata wataalamu hawakubaliani."

"Anayetangaza," Casimir alisema, akilidaka neno hilo kama mtu anayezama anavyodaka ubao. "Umesikia, Dorothée? Anayetangaza."

"Nimesikia ile ya kwanza," Dorothée alisema kutoka chini.

Muungano wao ukafia hapohapo. Casimir alivua koti, akaingia chumbani, na siku nzima hakumsahihisha mtu.

Kesho yake asubuhi alimkuta Solange akimwogesha mtoto. Alikohoa, akachuchumaa kando ya beseni.

"Mwanangu, nimefikiri sana."

"Ndiyo, papa."

"Slava na Casimir ni majina ya luga za ndugu. Ni ukoo mumoja. Kumbe we uliona mbali. Ulikuwa unanipa heshima, na mi sikujua. Juu ya nini hukuniambia?"

Solange alimtazama. Angeweza kumweleza ukweli: kwamba alilichukua jina lile hasa kwa sababu halikumhusu yeye, wala mtu yeyote mwingine wa pande zile. Maneno yalifika mpaka kwenye meno. Kisha akaona jinsi mzee alivyokuwa anamshikia mtoto kisigino kwa kidole kimoja, kwa woga, kama mtu anayejaribu kama wino umekauka.

"Nilitaka ujionee mwenyewe, papa," alisema.

Ilibaki Mama Dorothée, ambaye kwa haki ndiye aliyekuwa na dai, maana mtoto alikuja msichana kama alivyotabiri. Solange alimwendea jikoni akitarajia ugomvi. Lakini mama mkwe aliendelea kupepeta mchele, uso mwororo.

"Mupatie tu hiyo Silava," alisema. "Jina yangu inaweza kungoja mutoto mwingine. Mi nimeshapata yangu."

Na kweli alikuwa amepata. Jumapili walipofanya karamu ya mtoto baada ya kanisa, Papa Casimir alizunguka akiwafundisha wageni matamshi. "Si Silava. Si Salava. *Sla*. Ulimi juu, *sla*." Katekista Néhémie, mtu mpole, alisema kwamba kwa ulimi wa hapa Silava inatosha, hata Mungu ataelewa. Casimir akavuta pumzi ndefu, ile ya kuanzia masomo, na wageni wakashusha vijiko vyao. Mama Dorothée aliweka mwiko chini. Aliinua kidole kutoka upande wa masufuria. "Papa Casimir," aliita kwa sauti tamu, "unatangaza, ao unaharibu?"

Casimir aliishusha ile pumzi yote. "Silava pia iko muzuri," alimwambia katekista, na Vainqueur, ambaye hakuwahi kuona baba yake akikubali jambo, akaketi ili asianguke.

Hapo ndipo pikipiki ilipoingia uani, Jérémie mlinzi akiiendesha, na nyuma yake yule fundi wa jenereta, ndevu zimechanwa, mikono imesuguliwa mpaka ikawa myekundu, amekumbatia mbuzi. Jérémie alikuwa amemweleza njiani kwamba mtu mnayeshiriki jina ni ndoyi wako, na kwa ndoyi huendi mikono mitupu.

"Ndoyi yangu iko wapi?" fundi aliuliza, kila neno amelikariri.

Solange akacheka sana. Alikuwa amepita mbali kutafuta jina lisilo na mwenyewe, na sasa mwenyewe amesimama uani kwake na mbuzi. Alimkabidhi mtoto. Fundi alimpokea kama unavyopokewa mtungi wa kioo, akainama amwangalie vizuri, na Slava mdogo akafungua mkono, akashika ndevu zile nyekundu, akafunga.

Hakuachia. Vainqueur alijaribu kidole kimoja kimoja, mtoto akalia. Fundi alisema kwa ishara waache tu. Basi akabaki ameinama, shingo imepinda, mpaka mtoto akapitiwa na usingizi huku ngumi bado imefungwa. Mama Dorothée alivuta kigoda, akaketi karibu naye na sahani mkononi, akawa anamlisha bukari na samaki tonge kwa tonge, akimfuta mdomo kwa ncha ya kitenge.

"Kula, papa," alimwambia. "Uko mukonde sana."